Waungwana, na Bi Lupino

Oktoba 1959, televisheni ya CBS ya Marekani ilirusha kisa cha nyota wa sinema ambaye siku zake zimepita. Barbara Jean Trenton hujifungia kutwa nzima katika chumba chenye giza, projekta ikinguruma nyuma yake, akijitazama alivyokuwa msichana. Wakala wake anambembeleza atoke nje, hataki. Analetewa mwanamume aliyekuwa akiigiza naye mapenzi zamani, anaingia mzee mwenye miwani ambaye siku hizi anasimamia maduka ya vyakula, naye anashindwa hata kumtazama. Mwishowe anaingia ndani ya filamu yenyewe, na chumba kinabaki kitupu.

Kisa hicho kilikuwa cha nne katika mfululizo wa The Twilight Zone. Aliyeigiza Barbara Jean ni Ida Lupino, mwenye umri wa miaka 41, na ilikuwa rahisi kudhani kwamba anajiigiza mwenyewe. Miaka ya 1940 jina lake liliandikwa juu ya jina la Humphrey Bogart, na sasa yuko kwenye kioo kidogo cha sebuleni, nusu saa, pamoja na matangazo ya biashara. Lakini mwanamke yule hakuwa na muda wa kujifungia chumbani. Kufikia mwaka huo alikuwa amekwisha kuongoza filamu tano zenye jina lake na ya sita isiyo na jina lake. Alikuwa ameanzisha kampuni na kuiona ikifa, na alikuwa akiitwa huku na huko kuongoza vipindi vya polisi na vya wapanda farasi wenye bastola. Miaka minne na ushee baadaye alirudi kwenye The Twilight Zone, safari hii akiwa ndiye mwongozaji. Mfululizo ule wa awali ulikuwa na vipindi 156. Mwanamke aliyeongoza ni yeye peke yake, na kilikuwa kipindi kimoja tu.

Lupino hakuingia kwenye uigizaji kwa bahati wala kwa kutoroka nyumbani. Alizaliwa London mwezi Februari 1918 katika ukoo wa wasanii wa jukwaani wenye asili ya Italia, watu ambao kazi yao kizazi baada ya kizazi ilikuwa kuchekesha, kucheza ngoma na kupindua miili. Baba yake, Stanley Lupino, alikuwa mchekeshaji mashuhuri wa majumba ya muziki, na mama yake, Connie Emerald, alikuwa mwigizaji. Binti akapelekwa chuo cha Royal Academy of Dramatic Art angali mdogo. Mwaka 1932, akiwa na miaka 14, alipata nafasi ya kwanza ya maana katika filamu ya Her First Affaire. Inasimuliwa kwamba aliyekwenda kujaribiwa kwa nafasi ile ni mama yake, na mwongozaji Allan Dwan alipomwona binti aliyemsindikiza akabadili mawazo. Nafasi yenyewe ilikuwa ya msichana anayemtamani mwanamume mwenye mke. Kwa mtoto wa miaka 14! Watu wa sinema wa wakati ule hawakuona tabu.

Mwaka uliofuata Paramount wakamvusha bahari hadi Hollywood. Walimpaka nywele rangi ya dhahabu, wakamchonga nyusi, wakataka kumuuza kama Jean Harlow wa Kiingereza. Mwaka 1934 akaugua polio, ugonjwa uliokuwa umezagaa Los Angeles. Alipona, na kitandani akapata muda wa kufikiri kwamba mtu aweza kuwa na kazi nyingine zaidi ya sura. Alitunga muziki, akajaribu kuandika. Hata hivyo miaka kadhaa iliyofuata aliendelea kupewa nafasi za mrembo asiye na la kusema, na siwezi kumshauri msomaji apoteze Jumamosi yake kwa filamu hizo.

Mlango aliufungua mwenyewe. Aliposikia kwamba William Wellman anatayarisha The Light That Failed, filamu ya mwaka 1939 iliyotokana na riwaya ya Kipling, aliingia ofisini kwa mwongozaji huyo bila kuitwa na kudai asikilizwe hapo hapo. Alitaka nafasi ya Bessie, msichana wa mitaa ya London anayekaa kuchorwa na msanii anayeelekea kupofuka. Wellman alimsikiliza, akampa.

Mwaka uliofuata, Warner Bros. wakamweka kwenye They Drive by Night ya Raoul Walsh, filamu ya madereva wa malori. George Raft na Bogart ndio wenye malori, lakini filamu waliibiwa na Lupino. Yeye ni Lana, mke wa tajiri wa malori, anayemtamani dereva wa mumewe. Usiku mmoja anamrudisha mume nyumbani akiwa amelewa chakari, anaegesha gari gerejini, injini inanguruma, mume anakoroma. Anasita. Kisha anatoka nje taratibu, na milango ya gereji, ambayo hujifunga yenyewe mtu akipita mbele ya jicho la umeme, inafunga nyuma yake. Baadaye, mahakamani, anapandishwa kizimbani kutoa ushahidi, na badala ya kusema uongo wake aliouandaa anaanza kuitupia milango lawama: ndiyo iliyomtuma, ndiyo iliyomlazimisha. Anacheka, macho yanamtoka, sauti inapanda. Leo tungeweza kusema amezidisha. Mimi naona amezidisha pale panapotakiwa, kwa kuwa dakika chache kabla tulimwona akiishi katika nyumba ile huku kila mlango unaofunguka ukimshtua.

Warner wakampa mkataba, na mwaka 1941 katika High Sierra jina lake likatangulia la Bogart. Lakini Warner walikuwa na malkia wao, Bette Davis. Lupino alipewa alichokikataa Davis, na alikuwa akijiita, kwa mzaha wenye uchungu ndani yake, Bette Davis wa maskini. Hakuwa mtu wa kupokea kila anachopewa. Alikataa nafasi katika Kings Row, akakataa nyingine, na kila alipokataa akasimamishwa.

Hapa inafaa kueleza studio zilivyokuwa zikifanya kazi, maana kisa kizima kinasimama juu ya jambo hili. Mwigizaji alifungwa kwa mkataba wa miaka saba. Akikataa nafasi, anasimamishwa bila mshahara, na siku zile za kusimamishwa hazihesabiwi katika miaka saba bali zinaongezwa mwishoni. Kwa hiyo mkaidi angeweza kutumikia miaka kumi kwa mkataba wa saba. Aliyeukata mnyororo huo ni Olivia de Havilland, aliyewashtaki Warner hao hao na kushinda mwaka 1944: mahakama ya California ilisema miaka saba ni miaka saba ya kalenda. Kabla ya hapo, na hata baada yake, wengi waliosimamishwa walikaa nyumbani wakinung'unika. Lupino alikwenda studio. Hakuwa na la kuigiza, basi akasimama pembeni kutazama wapiga picha wanavyopanga taa, akakaa na wahariri wanapokata na kuunga. Mwajiri aliyedhani anamkomoa alikuwa anamsomesha bure.

Katika kipindi hicho ndipo alipotoa uigizaji wake bora zaidi, The Hard Way ya mwaka 1943, uliompa tuzo ya wachambuzi wa filamu wa New York. Anaigiza Helen, mwanamke wa mji wa viwanda anayemsukuma mdogo wake jukwaani na kumponda yeyote anayesimama njiani. Tuzo ya Oscar hakuwahi hata kuteuliwa kuiwania maishani mwake. Mwaka 1947 akaachana na Warner.

Kilichofuata ndicho kinachonifanya niandike makala haya. Mwaka 1949, yeye na mumewe wa wakati huo, Collier Young, waliingia katika utayarishaji huru, na kampuni yao ikaja kuitwa The Filmakers. Filamu ya kwanza, Not Wanted, ilihusu msichana anayepata mimba nje ya ndoa na kumtoa mtoto alelewe na wengine. Lupino alishiriki kuandika mswada na kutayarisha. Mwongozaji aliyeajiriwa, mkongwe Elmer Clifton, akapatwa na ugonjwa wa moyo kazi ikiwa ndiyo kwanza inaanza. Fedha za kuajiri mwingine hazikuwapo. Lupino akashika usukani, na filamu ilipotoka jina la Clifton likabaki pale pale kama mwongozaji. Yeye hakudai.

Baada ya hapo zilikuja tano mfululizo ndani ya miaka minne. Zilikuwa filamu za bajeti ndogo, chini ya dola 200,000 au karibu na hapo, fedha ambazo studio kubwa ingeweza kuzimaliza kwa mavazi na karamu. Filamu hizi zilipigwa mitaani na kwenye majengo halisi, waigizaji wake wengi hawakuwa na majina, na bidhaa za makampuni ziliachwa zionekane kwenye picha ili kupunguza gharama. Never Fear ni ya mcheza dansi anayepata polio, na Lupino aliipiga katika kituo halisi cha tiba huko Santa Monica pamoja na wagonjwa halisi. Kuna tukio la ngoma ambapo wagonjwa wanacheza wakiwa kwenye viti vya magurudumu, wanageuka, wanapishana, wanapokeana, wala hakuna muziki wa kumtaka mtazamaji alie. Mwongozaji alijua anachokitazama, kwani ugonjwa huo ulimpitia.

Outrage ya mwaka 1950 inahitaji kutazamwa polepole. Ni filamu ya msichana anayebakwa, iliyotengenezwa wakati ambapo kanuni za maadili za Hollywood hazikuruhusu hata neno lenyewe kutamkwa, na kweli halitamkwi. Ann, mhasibu katika kiwanda, anatoka kazini usiku. Anafuatwa na mwanamume mwenye kibanda cha vyakula karibu na kazini kwake, mtu anayemwona kila siku na asiyemjali. Lupino anaupiga msako ule kwa dakika kadhaa bila muziki wowote. Zinasikika nyayo, mluzi, mapipa yanayogongwa. Ann anabisha milango, hakuna. Anakimbilia kwenye eneo la malori, anaegemea honi ya lori akitarajia mtu asikie. Kamera inapanda juu, na dirishani tunamwona mtu aliyesikia kelele, anachungulia, anafunga dirisha.

Yanayofuata yanaumiza kuliko msako. Ann anarudi kazini. Majirani wanamtazama kwa huruma iliyochanganyika na udadisi. Mwenzake wa ofisini anapiga mihuri kwenye karatasi, kishindo baada ya kishindo, na mwingine anagonga vidole mezani, na kelele hizo ndogo za ofisi zinajaa kichwani mwa Ann hadi anashindwa kuzivumilia. Hakuna aliyemgusa. Kwa mtazamo wangu, hakuna filamu ya Kimarekani ya muongo ule iliyoonyesha kwa ukaribu hivi kwamba jeraha la aina hiyo halimaliziki usiku ule. Sehemu ya pili, ambapo mchungaji kijana anamponya msichana kwa mazungumzo marefu chini ya miti, ni dhaifu. Ina harufu ya mtu aliyelazimika kuwaridhisha wakaguzi, au labda hakuona njia nyingine ya kumtoa Ann shimoni.

Hard, Fast and Beautiful ya mwaka 1951 ilimrudisha kwenye The Hard Way kwa mlango wa nyuma: mama anayemsukuma binti yake katika tenisi hadi binti anabaki na vikombe bila maisha. Aliyewahi kumwigiza msukumaji sasa alikuwa upande wa pili, akimwelekeza Claire Trevor aigize, naye alikataa kumfanya mama huyo shetani.

Kisha The Hitch-Hiker. Mwishoni mwa 1950 na mwanzoni mwa 1951, kijana aitwaye Billy Cook aliomba lifti, akawageuzia bastola waliomhurumia na kuua watu sita, kisha akawateka wawindaji wawili na kuwalazimisha wampeleke Mexico. Lupino alikwenda kumwona gerezani San Quentin kabla hajauawa katika chumba cha gesi Desemba 1952. Wakaguzi hawakutaka muuaji halisi atajwe, hivyo akaitwa Emmett Myers. Lupino alianza kupiga picha miezi michache tu baada ya kujifungua binti yake wa pekee, Bridget, katika majabali na vumbi la Lone Pine, California, joto likiwa kali na waigizaji wote wakuu wakiwa wanaume.

Simulizi ni nyepesi mno. Marafiki wawili, watu wa kawaida wenye wake na kazi, wanakwenda kuvua samaki. Wanampa mtu lifti. Basi. Lakini muuaji ana jicho moja lisilofumba, kope lake limepooza, na usiku wanapolala porini mateka hawawezi kujua kama amelala au anawatazama. Unawaona wamejilaza upande wa pili wa moto, wanalikodolea macho jicho lile, na hakuna anayethubutu kunyanyuka. Muuaji anawadhihaki kwamba wangeweza kutoroka kila mmoja kivyake, ila urafiki wao ndio unaowafunga. Aliyeigiza Myers ni William Talman, mtu ambaye baadaye watazamaji wa televisheni walimzoea kama mwendesha mashtaka anayeshindwa kila wiki na Perry Mason. Wenyeji wa Mexico wanazungumza Kihispania chao bila kutafsiriwa, na askari wao ndio wanaofanya kazi ya maana. Kwa Hollywood ya mwaka 1953, hilo halikuwa jambo dogo.

Mwaka huo huo akatoa The Bigamist, na hapo msomaji wa huku kwetu atatabasamu kidogo. Harry Graham, muuzaji wa majokofu, ana mke San Francisco na mwingine Los Angeles. Kwa sheria ya huko ni kosa la jinai, na filamu za kawaida zingemfanya laghai au kichekesho. Lupino anamfanya mtu mpweke, mwema, mwoga, aliyeshindwa kusema ukweli siku ya kwanza na kila siku iliyofuata ikawa ngumu zaidi. Wake wote wawili ni watu wa heshima. Mke wa kwanza ni Joan Fontaine, wa pili, Phyllis, ni Lupino mwenyewe, aliyejiongoza kwa mara ya kwanza katika filamu yake. Mswada ni wa Collier Young, aliyekuwa ameachana na Lupino na kumwoa Fontaine. Naam, mwandishi alikuwa na mtalaka wake nyuma ya kamera na mkewe mbele yake, na filamu ikaisha bila mtu kurushiwa sahani.

Kampuni haikufa kwa kukosa filamu. Kuanzia Outrage, RKO ya bilionea Howard Hughes ndiyo iliyokuwa ikisambaza kazi zao, na Hughes hakuwa mtu wa kugawa faida kwa ukarimu. Washirika wakaona heri wasambaze wenyewe. Lupino alipinga, alisema wao ni watu wa kutengeneza picha, hawajui lolote juu ya kuzifikisha kwenye majumba ya sinema. Hawakumsikiliza. Kumiliki filamu ni jambo moja, na kumshawishi mwenye ukumbi wa mji mdogo akuwekee filamu yako badala ya ile ya studio inayomletea nyota kila mwezi ni jambo jingine. Kufikia mwaka 1955 The Filmakers ilikuwa imekwisha. Moja ya kazi zake za mwisho, Private Hell 36, iliandikwa na Lupino na Young na kuongozwa na Don Siegel, na Lupino akatania tena kwamba kama mwigizaji alikuwa Bette Davis wa maskini, basi kama mwongozaji ni Don Siegel wa maskini.

Televisheni ilimpokea. Wakati huo waigizaji wengi wa sinema waliiona kama kushuka daraja, na studio ziliichukia waziwazi. Dick Powell, David Niven na Charles Boyer walikuwa wameanzisha Four Star Playhouse, na Lupino akawa nyota wa nne, ingawa tofauti na wenzake hakuwa na hisa. Kisha akaigiza na mumewe wa tatu, Howard Duff, katika Mr. Adams and Eve, vichekesho vya mwaka 1957 na 1958 kuhusu wanandoa ambao ni nyota wa sinema. Aliyebuni kipindi hicho? Collier Young, yule yule mtalaka. Kazi hizi zilimfikisha kwenye orodha za wanaowania Emmy.

Lakini mkate wake hasa ulikuwa kuongoza. Have Gun – Will Travel, Alfred Hitchcock Presents, The Untouchables, The Fugitive, Thriller, hata Gilligan's Island na Bewitched. Ratiba ya televisheni haina huruma: kipindi cha nusu saa kinapigwa kwa siku chache, anayechelewa hapigiwi simu tena. Yeye alipigiwa simu mwaka baada ya mwaka, na ajabu ni kwamba walimtafuta zaidi kwa visa vya bastola na vya kutisha. Katika The Masks, ile Twilight Zone ya mwaka 1964, tajiri anayekaribia kufa New Orleans anawalazimisha warithi wake wanne wenye tamaa kuvaa vinyago vya kutisha hadi usiku wa manane, la sivyo hawapati senti. Lupino anawaacha wakae sebuleni, joto linawachosha, wanalalamika chini ya vinyago, dakika zinakwenda. Vinyago vinapovuliwa nyuso zimechukua umbo lake. Anayeujua mwisho bado anasubiri kwa wasiwasi, kwa kuwa aliyemfanya asubiri ni mtu anayejua lini asikate picha.

Chama cha waongozaji wa Marekani kilikuwa kimempokea akiwa mwanamke wa pili baada ya Dorothy Arzner, na Arzner alikwisha kustaafu mwaka 1943. Mikutano yao ikawa ikifunguliwa kwa salamu kwa waungwana, na Bi Lupino. Alijuaje kukaa hapo? Alijifanya mama. Kiti chake cha uongozaji kiliandikwa nyuma kwamba yeye ni mama wa wote. Hakuwapigia kelele mafundi. Aliwaambia mama ana shida, mama angependa picha ipigwe kutoka kule, hivi inawezekana kweli? Na wanaume waliozoea kutukanwa na waongozaji walikimbilia kumsaidia mama. Mwaka 1967 aliandika makala katika Action, jarida la chama hicho, akieleza mbinu hiyo bila kuficha.

Wachambuzi wa kike wa miaka ya 1970 walimwona kuwa hakuwa mwenzao: alijinyenyekeza, alisema hadharani kwamba mwanamke hapaswi kuwaamrisha wanaume. Nadhani walisikiliza maneno yake kuliko walivyotazama picha zake. Umama ule ulikuwa kodi aliyoilipa kila asubuhi ili aruhusiwe kusema kamera ikae wapi. Hata hivyo sitaki kumgeuza mpambanaji aliyejificha. Huenda alikuwa na raha nao. Watu huweza kuipenda hata kodi wanayolipa, ikiwa imewapatia nyumba. Kilicho wazi ni kwamba hakuna mwongozaji wa kiume aliyehitaji kuitwa baba.

Filamu ya sinema aliyopewa baada ya The Bigamist ni moja tu, The Trouble with Angels ya mwaka 1966, vichekesho vya wasichana watundu katika shule ya watawa, na Rosalind Russell na Hayley Mills mbele ya kamera. Ilikuwa imepita miaka 13. Ni filamu ya kupendeza isiyo na makali, ilivuma, na ilipotengenezwa ya pili akapewa mwanamume. Yeye akarudi kuigiza popote palipomwita. Aliwahi hata kuwa adui wa Batman kwenye televisheni mwaka 1968, akishirikiana na mumewe, jambo ambalo linafurahisha kutazama kwa dakika tano za kwanza. Katika Junior Bonner ya Sam Peckinpah, mwaka 1972, ni mama wa Steve McQueen, ingawa alimzidi miaka 12 tu. Hapo ameacha kabisa ukali wa zamani; anamtazama mumewe mzururaji kwa namna inayoonyesha miaka yote waliyogombana. Kipindi cha Columbo kilimwita mara mbili. Mwaka 1978 aliacha kazi, na Agosti 1995 alifariki akiwa na miaka 77. Baada ya kifo chake Martin Scorsese aliandika gazetini kusifu filamu zile ndogo, na mwaka 1998 The Hitch-Hiker iliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu za kuhifadhiwa inayosimamiwa na maktaba ya bunge la Marekani.

Filamu zile mbili za mwaka 1953 hazikuhuishiwa hakimiliki, kwa hiyo zinapatikana bure mtandaoni, mara nyingi katika nakala zilizofifia, zenye sauti ya kukwaruza. Anayetaka kuanza aanze na The Hitch-Hiker, dakika 71, ila atafute nakala iliyosafishwa, maana usiku wa jangwani umepigwa na Nicholas Musuraca na ukifubaa unapoteza nusu ya kazi. Ya pili iwe The Bigamist. Humo kuna tukio ambapo Harry na Phyllis wanakutana kwenye basi la watalii linalozungushwa kwenye nyumba za nyota wa Hollywood. Mwongozaji wa watalii anataja nyumba ya Edmund Gwenn, ambaye ndiye anayeigiza mchunguzi katika filamu hiyo hiyo. Phyllis hata hageuki dirishani kuangalia. Amepanda basi lile ili akae tu, miguu imechoka.